Émilie du Châtelet, mwanamke aliyetetea nishati ya mwendo

KWA muda mrefu Émilie du Châtelet alitajwa tu kama mpenzi wa mwandishi Voltaire. Ni dhuluma, kwani mama huyo alikuwa mwanafizikia mpevu.

Alizaliwa Paris, Ufaransa, Desemba 17, 1706, bintiye afisa wa ikulu ya Mfalme Louis wa 14. Vyuo vikuu havikuwapokea wanawake. Aliolewa 1725, akajaaliwa watoto watatu, kisha akazama katika hisabati akifunzwa na wataalamu kama Maupertuis na Clairaut.

Mnamo 1740 alichapisha kitabu cha fizikia kilichogusa mzozo uliodumu zaidi ya miaka 50. Wafuasi wa Descartes walipima nguvu ya kitu kinachosonga kwa kuzidisha uzito wake kwa kasi. Leibniz alishikilia kuwa kasi hiyo sharti kwanza izidishwe kwa kasi yenyewe.

Ushahidi ulitoka Uholanzi, ambako Willem 's Gravesande aliangusha tufe za shaba katika udongo laini wa mfinyanzi. Tufe iliyotua kwa kasi maradufu ilizama mara nne zaidi. Udongo ndio uliofanya kazi ya kuisimamisha, na kani ya udongo ikizidishwa kwa kina cha shimo hulingana na nishati ambayo tufe ilikuja nayo. Ndiyo sababu gari linalokwenda kilomita 100 kwa saa huhitaji umbali mara nne wa kufungia breki kuliko la kilomita 50.

Dortous de Mairan, katibu wa Akademia ya Sayansi ya Paris, alighadhabika kukosolewa kitabuni. Mnamo 1741 alichapisha barua ya kumkemea. Bi du Châtelet alimjibu upesi, hoja kwa hoja, bila kumwonea haya. Hata hivyo, zao la uzito na kasi lina nafasi yake katika fizikia hadi leo. Jina la kazi, pamoja na nusu iliyomo katika fomula ya nishati ya mwendo, vililetwa na Coriolis mnamo 1829.

Mnamo 1749, akiwa mjamzito akiwa na umri wa miaka 42, alihofia kwamba hangenusurika. Alikesha akikamilisha tafsiri ya Kifaransa ya kitabu kikuu cha Newton kilichoandikwa kwa Kilatini, akaikabidhi kwa maktaba ya mfalme. Alijifungua msichana mapema Septemba na kufariki tarehe 10 mwezi huo, mjini Lunéville. Tafsiri hiyo ilichapishwa kikamilifu 1759, na ingali inasomwa na Wafaransa.