Jacques Prévert: Mwandishi wa filamu aliyefanya kazi na wasanii waliokuwa mafichoni

Ufaransa wengi wanamjua Jacques Prévert kwa mashairi yanayosomwa shuleni. Kumbe kabla kitabu chake cha Paroles hakijatoka mwaka 1946, jamaa tayari alikuwa jina kubwa kwenye filamu.

Alizaliwa Februari 4, 1900, Neuilly-sur-Seine, jirani na Paris. Shule aliiacha mapema, akafanya kazi dukani. Miaka ya 1930 aliandikia kundi la Octobre, lililoigiza mbele ya wafanyakazi, hata waliokuwa kwenye mgomo. Wahusika wake waliongea kama watu wa mtaani.

Akiwa na mwongozaji Marcel Carné, alitoa Le Quai des brumes mwaka 1938. Jean Gabin aliigiza kama askari aliyetoroka jeshi. Vita vilipoanza filamu hiyo ikapigwa marufuku, ikidaiwa kuvunja watu moyo.

Kisha Wajerumani wakaingia. Wayahudi wakazuiwa kufanya kazi kwenye filamu. Hapo mambo yakawa magumu, maana rafiki zake wawili, mbunifu wa mandhari Alexandre Trauner na mtunzi wa muziki Joseph Kosma, walikuwa Wayahudi kutoka Hungaria.

Prévert hakuwaacha. Wakiwa mafichoni kusini mwa Ufaransa, waliendelea kufanya naye kazi kwenye Les Enfants du paradis, huku watu wengine wakijitokeza hadharani kama ndio wenye kazi hiyo. Wangegundulika, wangeweza kupoteza maisha.

Upigaji picha ulianza Nice mwaka 1943, ukakatizwa na vita. Filamu hiyo ya zaidi ya saa 3 ilioneshwa Machi 1945, Paris ikiwa tayari huru. Majina ya Trauner na Kosma yakatokea kwenye skrini, ikielezwa wazi kwamba walifanya kazi kwa siri.

Mwaka uliofuata Les Portes de la nuit ikafeli, ila wimbo wake, Les Feuilles mortes, maneno ya Prévert na muziki wa Kosma, ukazunguka dunia nzima.

Mwaka 1964 alihamia kwenye televisheni na mdogo wake Pierre, wakatoa Le Petit Claus et le Grand Claus, hadithi ya Andersen.

Alifariki Aprili 11, 1977. Filamu ya katuni Le Roi et l'Oiseau, aliyoianza na Paul Grimault miaka ya 1940, ilifika sinema mwaka 1980. Mwenyewe hakuiona.