Marc Bloch: mwanahistoria aliyechunguza uvumi wa vita

Kwenye inchi yenye vita, uvumi unafika mbele ya gari. Marc Bloch, mwanahistoria wa Ufaransa, alilijua jambo hilo kutoka ndani ya mahandaki.

Alizaliwa Lyon mwaka 1886, katika familia ya Wayahudi. Vita vya 1914 vilipoanza aliingia jeshini akiwa sajenti, akatoka kapiteni.

Mwaka 1917 askari wa Ufaransa walikamata Mjerumani mmoja, mfanyabiashara wa mji wa Bremen. Karibu na hapo kulikuwa mji wa Kifaransa unaoitwa Braisne. Kwa masikio ya askari, majina hayo mawili yalifanana. Mara habari ikaanza kutembea: huyu ni mpelelezi, alikuwa anaishi Braisne mbele ya vita! Hakuna aliyekusudia kudanganya. Watu walikuwa wamekwisha kuamini kwamba wapelelezi wako kila mahali, basi sikio likasikia kile moyo ulichokuwa unangojea.

Mwaka 1921 Bloch alitoa andiko juu ya habari za uongo za vita. Alionyesha kama serkali ilipobana magazeti, askari waliacha kuamini maandishi. Wakabaki kuamini mdomo tu, zaidi habari zilizotoka kule jikoni pamoja na chakula.

Baada ya vita alifundisha universite ya Strasbourg. Mwaka 1929, yeye na Lucien Febvre walianzisha jarida la historia, Annales.

Mwaka 1939, akiwa na miaka 53 na watoto 6, alijitolea tena kwenda vitani. Ufaransa iliposhindwa mwaka 1940, aliandika L'Étrange Défaite kwa kutafuta sababu. Hakuwaonea haya wakubwa wa jeshi, na hakuacha kando watu wa kizazi chake mwenyewe.

Baadaye aliingia katika kundi la siri lililopinga Wajerumani kule Lyon. Walimkamata mwezi wa tatu 1944, wakamtesa, na tarehe 16 mwezi wa sita wakamuua kwa risasi pamoja na wafungwa wengine. Kitabu chake kilitoka mwaka 1946, yeye hayuko tena.

Bloch hakuwacheka walioamini uvumi. Aliuliza woga gani uliwatayarisha kuuamini. Hilo ni ulizo linalofaa hata leo, mbele ya kupitisha ujumbe kwenye simu.