Mohamed Amin: Kamera Iliyotafuta Uso

Kila ukame unapotupiga hapa Garissa, mimi humkumbuka Mohamed Amin. Alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam, na huko ndiko alikoanzisha Camerapix mwaka 1963. Oktoba 1984 alirekodi njaa ya Korem, Ethiopia: alfajiri ya baridi, kamera ikipita polepole juu ya umati, kisha ikitua kwenye uso mmoja. Dunia ikachanga. Mwaka 1991 mlipuko wa Addis Ababa ulimkatisha mkono. Akarudi kazini na mkono wa bandia. Alifariki tarehe 23 Novemba 1996, ndege iliyotekwa ilipoanguka baharini karibu na Komoro. Siku hizi wapiga picha hutujia, wakapiga mizoga ya ng'ombe, wakaondoka. Amin angemtafuta mwenye ng'ombe.