Mfagizi Aliyejenga Ukumbi

Walimu wenzangu wanaotayarisha michezo ya kuigiza wanaujua mzozo huu: nani atakuwa mlinzi wa lango, yule mzito wa akili anayechekwa kabla hajafungua kinywa? Hapa Kisii mzozo wenyewe una uchungu wa ziada, maana lafudhi ya Kigusii imekuwa kitoweo cha wachekeshaji wa runinga, na mwanafunzi akipewa nafasi hiyo huhimizwa aikoleze. Kila nikiwasikia wakibishana humkumbuka Nick Stewart.

Alizaliwa New York mwaka wa 1910, akaitwa Horace Stewart. Ujanani alicheza densi katika klabu ya Cotton Club, ambako weusi walitumbuiza na weupe wakaketi kutazama. Hollywood nayo ilimpa kazi iliyowapa karibu weusi wote wakati huo: mtumishi, mjinga, mwoga. Katika filamu ya Walt Disney ya 1946, Song of the South, alikuwa sauti ya dubu.

Mwaka wa 1950 yeye na mkewe, Edna, walianzisha ukumbi wa Ebony Showcase huko Los Angeles, ili mwigizaji mweusi apate kuwa daktari, mpenzi au baba mwenye heshima jukwaani. Ukumbi huhitaji fedha. Mwaka uliofuata alikubali kuwa Lightnin', mfagizi mvivu mwenye maneno ya kujikokota, katika vipindi vya Amos 'n' Andy vya shirika la CBS, tena kwa jina jingine, Nick O'Demus. Chama cha NAACP kiliviona vipindi hivyo kuwa matusi kwa weusi, kikapinga vikali. Stewart alichukua mshahara wa mfagizi akaulipia ukumbi.

Mwaka wa 1963 CBS ilitangaza kwamba imeviuza vipindi hivyo Kenya na Nigeria Magharibi. Haukupita muda, serikali yetu ikatangaza kuvipiga marufuku. Nauunga mkono uamuzi huo hata leo: taifa lililokuwa likingoja uhuru wa Desemba halikuwa na haja ya kufundishwa kujicheka kwa macho ya bwana. Lakini marufuku yale, kwa haki kabisa, yalimfungia mlango pia mtu ambaye, kwa mali yake mwenyewe, alikuwa akifanya kile tulichokitaka. Mambo hayo mawili sijaweza kuyapatanisha, wala siwashauri wanafunzi wangu wayapatanishe upesi.

Ninachowaambia ni wachunguze faida ya kicheko inaishia wapi. Ya Lightnin' iliishia kwenye ukumbi. Ya lafudhi yetu, sijaiona ikijenga hata kibanda Nyamira.

Kina Stewart waliushikilia ukumbi wao kwa zaidi ya miaka 40. Katika miaka ya 1990 ulitoka mikononi mwao, ukabomolewa. Nick alifariki Desemba 2000. Mahali pale pamejengwa ukumbi mwingine, nao una jina la mwanasiasa.