Bibi Eleanor Roosevelt
Mhariri ameniomba niandike habari za mtu mashuhuri, nami nimemchagua Bibi Eleanor Roosevelt, mke wa Rais wa Marekani. Wenzangu walicheka, wakasema kuwa mke wa mkubwa hana kazi ila kukaribisha wageni. Nawaomba wasome mpaka mwisho.

Alizaliwa New York tarehe 11 Oktoba, 1884, katika jamaa ya kitajiri. Utajiri haukuzuia misiba. Alipokuwa na miaka minane mama yake alikufa kwa dondakoo. Mwaka uliofuata akafa mdogo wake mmoja. Na kabla hajatimiza miaka kumi akafiwa na baba aliyempenda sana. Akalelewa na bibi yake mzaa mama. Nadhani hapo ndipo alipojifunza huzuni ya mtoto ni kitu gani.

Mwaka 1905 aliolewa na Franklin Roosevelt, wakazaa watoto sita, mmoja akafa angali mchanga. Mwaka 1919 alifuatana na mumewe kwenda Ulaya, akaona jinsi vita vilivyoiharibu nchi ya Ufaransa. Mwaka 1921 mumewe alipooza miguu, na bibi huyu, aliyekuwa mwenye haya nyingi, akajifunza kuhutubia watu ili jina la mumewe lisisahauliwe. Mwaka 1933 Bwana Roosevelt akawa Rais.

Sasa nafika kwenye jambo lililonigusa kuliko yote. Mwaka 1939 watoto wa Kiyahudi katika Ujerumani walikuwa hatarini. Mswada ukapelekwa Bungeni ili watoto 20,000 waruhusiwe kuingia Marekani. Bibi Roosevelt aliutetea hadharani, mumewe alinyamaza. Mswada ukafa hata kabla haujapigiwa kura na Bunge zima. Fikirini: alikaa nyumba moja na mtu mwenye madaraka makubwa kuliko wote nchini, na bado hakuweza kuwafungulia watoto wale mlango.

Mumewe alifariki Aprili, 1945. Rais mpya, Bwana Truman, akampeleka bibi huyu Umoja wa Mataifa. Huko akawa mwenyekiti wa kamati iliyotunga Tangazo la Haki za Binadamu. Wajumbe walibishana karibu miaka miwili. Tarehe 10 Desemba, 1948, mjini Paris, nchi 48 zililikubali, nane hazikuchagua upande, wala hapana iliyolikataa. Ndani yake imeandikwa kwamba mama na mtoto wana haki ya kutunzwa kwa namna ya pekee, na kwamba elimu ya mwanzo iwe bure.

Lakini sipendi kumfanya malaika. Mwaka 1950 serikali yake ilitaka Mfuko wa Watoto wa Umoja wa Mataifa, ulioanzishwa hasa kwa ajili ya watoto walioumizwa na vita, ukomeshwe, naye kama mjumbe akalitetea shauri hilo. Bwana Bokhari wa Pakistan akamjibu kwamba watoto wa Asia wana dhiki kila siku, hata pasipo vita. Mataifa yakamwunga mkono Bwana Bokhari, na mwaka 1953 Mfuko ukafanywa wa kudumu. Ndio huu tunaouita UNICEF. Nadhani siku ile moyo wake ulikuwa upande wa pili.

Aliendelea kuandika magazetini juu ya amani mpaka mwaka wake wa mwisho. Alifariki New York tarehe 7 Novemba, 1962, akiwa na miaka 78, akazikwa Hyde Park kando ya mumewe.