Wasifu: Robert Benoist, Dereva wa Mashindano ya Magari

Wasifu huu ni wa mtu aliyeishi na kupigana katika vita vyote viwili vya dunia unavyovisoma katika somo la Historia. Kati ya vita hivyo aliendesha magari ya mashindano. Usome mara ya kwanza bila kalamu mkononi. Mara ya pili, tafuta jibu la swali hili: ilikuwaje dereva aliyeshinda kila shindano kubwa aliloshiriki mwaka 1927 akamaliza mwaka huohuo bila gari la kuendesha?

Robert Benoist alizaliwa tarehe 20 Machi 1895 katika kijiji cha Auffargis, kusini magharibi mwa jiji la Paris, nchini Ufaransa. Hakuzaliwa katika ukwasi. Baba yake alikuwa mtunza wanyama wa mawindo katika ardhi ya ukoo tajiri wa Rothschild. Vita vya Kwanza vya Dunia vilipozuka, Benoist alitumika kwanza katika jeshi la nchi kavu, kisha akahamia kikosi cha ndege na kuwa rubani. Ndege za wakati ule, kumbuka, zilijengwa kwa mbao na kitambaa. Aliyetoka hai angani mwaka 1918 alikuwa ameshajifunza kusikiliza injini kwa makini. Vita vilipokwisha alianza kushindana kwa magari madogo, yakiwemo ya Salmson. Mwaka 1924 akaajiriwa na kampuni ya Delage, na mwaka huohuo akawa wa tatu katika Grand Prix ya Ufaransa mjini Lyon.

Hapa inafaa nikueleze Grand Prix ilikuwa nini, kwa sababu mtahiniwa akisoma neno hilo hufikiria mbio za leo ambazo humalizika ndani ya saa mbili. Grand Prix ya Ufaransa ya mwaka 1925, iliyofanyika kwenye uwanja mpya wa Montlhéry, ilikuwa ya kilomita 1,000. Mshindi alitumia karibu saa 9. Hapakuwa na kofia ngumu wala mkanda wa kiti. Dereva alivaa miwani na kofia ya kitambaa. Hadi mwaka uliotangulia, kila gari lilibeba fundi aliyekaa kando ya dereva. Mwaka 1925 mafundi hao walipigwa marufuku kwa sababu ya hatari, na dereva akabaki peke yake.

Siku hiyo Mwitaliano Antonio Ascari, dereva wa Alfa Romeo, ndiye aliyeongoza. Gari lake liligonga uzio wa pembeni, likapinduka, na Ascari akafariki. Kampuni yake ikayaondoa mashindanoni magari yake mengine. Benoist, akipokezana na mwenzake Albert Divo, alishinda. Shada la maua alilopewa alilipeleka mahali Ascari alipoanguka. Wanafunzi wengi huandika tu kwamba fulani alishinda mwaka fulani, wakaishia hapo. Ushindi huu haufai kuandikwa hivyo, na tendo la Benoist linaonyesha kwamba yeye mwenyewe alijua uzito wake.

Mwaka 1926 kanuni zilibadilika na injini zisizidi sentimita za ujazo 1,500. Mhandisi wa Delage, Albert Lory, alibuni injini ndogo ya silinda nane zilizopangwa mstari mmoja, yenye kifaa cha kusukuma hewa ndani yake. Ilitoa nguvu za farasi takriban 170, kiasi cha kushangaza kwa ukubwa ule. Lakini kulikuwa na kosa moja. Ekzosi, yaani bomba la kutolea moshi, lilipita upande uleule alikokaa dereva, karibu kabisa na miguu yake. Katika mashindano ya San Sebastián nchini Hispania, chini ya jua kali la Julai, madereva wa Delage waliungua. Iliwabidi washuke na kupokezana magari ili kupumzika. Mwezi uliofuata, kwenye uwanja wa Brooklands nchini Uingereza, walikuwa wakisimama na kutumbukiza miguu yao katika maji baridi kabla ya kuendelea. Delage lilishinda huko, ila kwa mateso. Benoist na mwenzake walimaliza wa tatu.

Lory hakulitupa gari lile. Aliiunda upya injini na kuihamishia ekzosi upande wa pili. Ukiulizwa ni nini kilichomfanya Benoist bingwa wa mwaka 1927, usisahau kumtaja mhandisi huyu. Magari mengine yalikuwa na kasi pia, lakini Delage la mwaka 1927 lilikuwa na kasi na lilimaliza mbio.

Julai 1927 Benoist alishinda Ufaransa, na Delage likachukua nafasi zote tatu za kwanza. Mwisho wa mwezi huo alikwenda Hispania, ambako Emilio Materassi wa Bugatti alimbana vikali. Materassi aligonga ukuta, vumbi likatanda barabarani, na Benoist akafunga breki hadi gari lake likazunguka. Inasimuliwa kwamba alipoondoka tena alikuwa ameelekea alikotoka, akasafiri kidogo kabla ya kugundua kosa. Hata hivyo alishinda. Septemba alishinda Italia, kwenye uwanja wa Monza, akimwacha wa pili kwa zaidi ya dakika 20. Oktoba akashinda Uingereza, na Delage likachukua tena nafasi zote tatu. Hayo ndiyo mashindano yote manne ya Ulaya yaliyohesabiwa katika ubingwa wa dunia wa mwaka ule. Ubingwa wenyewe, lakini, ulikuwa wa makampuni. Kombe lilikwenda kwa Delage.

Na sasa jibu la swali letu. Gharama ya kuunda na kuendesha magari yale ilikuwa kubwa mno kwa kampuni, na Louis Delage aliifunga idara yake ya mashindano mwishoni mwa mwaka 1927. Bingwa akabaki bila gari.

Miaka iliyofuata haina mengi. Mwaka 1929 alishinda mbio za saa 24 za Spa nchini Ubelgiji pamoja na Attilio Marinoni, kwa gari la Alfa Romeo, kisha akapumzika kwa miaka kadhaa. Alirudi mwaka 1934 na kampuni ya Bugatti. Wakati huo serikali ya Hitler ilikuwa ikizisaidia kwa fedha Mercedes-Benz na Auto Union, na magari ya Kifaransa hayakufua dafu katika Grand Prix. Kwa hiyo Bugatti iligeukia mbio za masafa marefu. Juni 1937, akiwa na umri wa miaka 42, Benoist alishinda saa 24 za Le Mans pamoja na kijana Jean-Pierre Wimille. Walikwenda karibu kilomita 3,288, masafa ambayo hakuna aliyewahi kuyafikia huko. Baada ya hapo alistaafu.

Ujerumani iliiteka Ufaransa mwaka 1940. William Grover-Williams, Mwingereza aliyekulia Ufaransa na mshindi wa Grand Prix ya kwanza ya Monaco mwaka 1929, alitumwa na idara ya siri ya Uingereza aunde mtandao wa wapiganaji mjini Paris. Aliwaendea watu aliowafahamu kutoka mashindanoni: Benoist, kisha Wimille. Silaha zilizodondoshwa na ndege usiku zilifichwa kwenye nyumba ya familia ya Benoist huko Auffargis. Mapema Agosti 1943 mtandao ulivunjwa. Grover-Williams alikamatwa, na baadaye aliuawa katika kambi ya Sachsenhausen.

Benoist naye alikamatwa mjini Paris siku chache baadaye na Gestapo, polisi wa siri wa Ujerumani, wakamweka katika kiti cha nyuma cha gari lao. Gari likiwa katika mwendo alimsukuma mlinzi, akajirusha nje na kupotelea mitaani. Mwezi huohuo alichukuliwa kwa ndege hadi Uingereza.

Angeweza kubaki huko. Alirudi Ufaransa Oktoba 1943, akaenda tena Uingereza, na Machi 1944 akarudi kwa mara nyingine, safari hii pamoja na Denise Bloch, opereta wa redio. Kazi yao ilikuwa kukata nyaya za umeme na reli katika eneo la Nantes, ili kuwakwamisha Wajerumani wakati majeshi ya Washirika yatakapotua. Majeshi hayo yalitua Normandy tarehe 6 Juni. Siku 12 baadaye Benoist alipata habari kwamba mama yake yu mahututi, akaenda Paris kumwona, na huko akakamatwa. Kesho yake Wajerumani waliivamia nyumba ya wenzake. Denise Bloch alikamatwa, na aliuawa katika kambi ya Ravensbrück mwanzoni mwa mwaka 1945. Wimille alitoroka kwa kujificha ndani ya kijito.

Mara hii Benoist hakupata nafasi ya kuruka. Agosti alisafirishwa pamoja na maajenti wengine hadi kambi ya Buchenwald, Ujerumani, na Septemba 1944 akanyongwa. Alikuwa na umri wa miaka 49.

Tarehe 9 Septemba 1945, miezi michache baada ya vita kumalizika Ulaya, magari ya mashindano yalinguruma tena mjini Paris, katika bustani ya Bois de Boulogne. Shindano moja la siku hiyo lilipewa jina la Kombe la Robert Benoist. Kubwa kuliko yote lilikuwa Kombe la Wafungwa, na aliyelishinda, kwa gari la Bugatti, alikuwa Jean-Pierre Wimille.