Mwacha Asili Si Mtumwa Daima

Kila ninapofundisha methali darasani, hakosekani mwanafunzi wa kuitaja ile isemayo kwamba mwacha asili ni mtumwa. Aghalabu huitumia kuwasuta wanariadha wetu waliobadili uraia, mathalan Stephen Cherono, aliyetwaa ubingwa wa dunia mwaka wa 2003 kwa jina la Saif Saaeed Shaheen wa Qatar. Simo katika kumhukumu mwanariadha huyo. Ninalofanya ni kuwasimulia wanafunzi wangu maisha ya mtu ambaye methali hiyo inashindwa kumweleza.

Mtu huyo ni Jaroslav Drobný, aliyezaliwa Prague, Chekoslovakia, tarehe 12 Oktoba 1921. Alikulia kandokando ya viwanja vya tenisi akiwaokotea wachezaji mipira, hadi naye akawa stadi wa kuogofya kwa mkono wake wa kushoto. Majira ya baridi yalipofika, aliiweka raketi kando na kushika gongo, kwani alikuwa hodari pia wa mpira wa magongo uchezwao juu ya barafu. Alikuwamo katika timu iliyotwaa ubingwa wa dunia mwaka wa 1947, na mwaka uliofuata akapata nishani ya fedha katika Michezo ya Olimpiki huko St. Moritz, Uswisi.

Mwezi huo huo wa Februari 1948, chama cha Kikomunisti kilitwaa mamlaka yote nchini mwake. Tangu hapo mchezaji hakuwa tena mtu na kipaji chake. Aligeuzwa kuwa bango la serikali. Serikali ndiyo iliyoamua asafiri lini, acheze wapi na akutane na nani. Drobný alivumilia kwa muda. Mnamo Julai 1949, majuma machache baada ya kushindwa katika fainali ya Wimbledon, alikuwa mjini Gstaad, Uswisi, pamoja na mwenzake Vladimír Černík. Wakiwa mashindanoni, amri ilifika kutoka nyumbani kwamba wajiondoe na kurejea mara moja. Wote wawili walikataa. Inasimuliwa kuwa Drobný alibaki na mashati machache, mswaki na dola 50 tu.

Je, alikosea? Tuwatazame aliowaacha. Mnamo Machi 1950, timu ya taifa ya magongo ilizuiwa kwenda London kutetea ubingwa wa dunia, na wachezaji wake wakatiwa mbaroni. Walishtakiwa kwa uhaini, na kosa kubwa walilobebeshwa ni kupanga kutoroka. Bohumil Modrý, mlinda lango aliyekuwa pamoja na Drobný St. Moritz, alihukumiwa kifungo cha miaka 15. Huyo hakuiacha asili yake. Alibaki nyumbani, na nyumbani ndiko alikofungwa minyororo.

Drobný naye alikuwa huru, lakini uhuru usio na pasipoti ni mzigo. Alitafuta hati za Uswisi, Marekani na Australia bila mafanikio. Mataifa yaliyojigamba kuwa ngome za uhuru yalisita. Hatimaye mlango ulifunguliwa katika bara letu la Afrika: Misri, chini ya Mfalme Farouk, ikampa uraia. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone. Akiwa Mmisri, Drobný alitwaa ubingwa wa Ufaransa mwaka wa 1951 na tena mwaka wa 1952. Mfalme alipinduliwa mwaka huo wa 1952, lakini mchezaji hakuvuliwa uraia wake.

Kilele kilikuwa Wimbledon mwaka wa 1954. Alikuwa na umri wa miaka 32, amevaa miwani, na alikuwa amekwisha kushindwa katika fainali mbili za mashindano hayo. Wengi waliamini kuwa wakati wake umepita. Mpinzani wake, Ken Rosewall wa Australia, alikuwa kijana wa miaka 19. Drobný alimshinda kwa seti tatu kwa moja: 13-11, 4-6, 6-2, 9-7. Hivyo Misri ikaandikwa katika orodha ya mabingwa wa Wimbledon kwa mkono wa mtu ambaye nchi yake ilimwona mhalifu.

Mwaka wa 1959 alipata uraia wa Uingereza, na huko London ndiko alikofariki mwezi Septemba 2001. Katika maisha yake alicheza Wimbledon kwa majina manne ya nchi: Chekoslovakia, Bohemia na Moravia wakati Wajerumani walipoitawala, Misri, na Uingereza. Jina la kwanza aliliacha kwa hiari yake mwenyewe, lakini ni hiari ya mtu aliyekwisha kuonyeshwa mlango wa gereza.

Walimu wenzangu, methali ni hazina, ila si hukumu ya mahakama. Anayeondoka kwa kutafuta mali na anayeondoka kwa kunyimwa uhuru hawawezi kupimwa kwa kibaba kimoja. Mwanafunzi akiitaja methali hiyo tena, tumwulize kwanza: nani aliyemwacha mwenziwe, mtu au nchi? Drobný aliitwa msaliti na serikali iliyowafunga mabingwa wake yenyewe. Neno hilo lilipaswa kurudi kwa wale waliolitamka.